Mama ana kisukari, anatapika usiku chakula cha mchana, na sukari inamshuka hali ya kuwa kala. Naomba msaada jamani

BintiMakorora ameandika:

Assalaam aleikum na habari zenu nyote. Nipo Tanga mjini huku Makorora, naomba mnisomee mpaka mwisho maana ni ndefu na sioni pa kuikatia.

Mama yangu ana miaka 61, kisukari anacho huu mwaka wa 17. Alianza na vidonge alafu miaka sita iliyopita wakamhamishia kwenye sindano, anachoma insulini ile ya mchanganyiko, nyeupe kama maziwa, asubuhi na jioni, nusu saa kabla ya kula kama alivyofundishwa. Mama ni mtu wa utaratibu sana, ana daftari lake la shule lile la kurasa nyingi, anaandika kila kitu, sukari ya asubuhi ngapi, kachoma saa ngapi, kala nini, hata chumvi ikizidi anaandika.

Shida ilianza mwaka jana baada ya mfungo. Akila vijiko vitano sita anasema basi nimeshiba, tumbo linajaa mpaka kifuani, anacheua harufu ya mayai viza. Tukasema gesi. Baadae ikaja kichefuchefu cha asubuhi, baadae kutapika. Sasa kutapika kwenyewe ndo kunanitisha. Juzi Jumapili saa 7 mchana alikula wali kidogo na bamia na kipande cha changu, basi hakuongeza kitu zaidi ya chai ya rangi. Saa 5 usiku akaniita nimpelekee beseni. Nimemshikia taa ya simu kwa mkono mmoja na mgongo kwa mkono mwingine, nikaangalia ndani ya beseni nikaona punje za wali nzima nzima na vile vipande vya bamia na mbegu zake vimekaa kama nilivyovikata mimi mwenyewe. Saa kumi nzima kiko tumboni hakijasagika!

Alafu sukari. Anachoma saa 12 na nusu jioni, saa 1 anakula. Ikifika saa 2 na nusu jasho linamtoka, mikono inatetemeka, maneno yanamkwama, nikimpima 2.8, siku nyingine 3.1. Na kala, mi mwenyewe nimemuona. Nampa maji ya sukari inapanda taratibu mno. Saa 9 usiku naamka nampima tena nakuta 17, 18. Asubuhi tukienda kliniki wanakuta 16.

Na hapo ndipo moyo wangu unapouma. Kuna mhudumu kwenye kliniki tunayokwenda, siitaji, alimwambia mbele ya watu wote waliokaa kwenye benchi, "Mama wewe unakula ubwabwa usiku kwa siri, sukari haisemi uongo." Mama hakujibu. Njia nzima kwenye bajaji hakusema neno, tulipofika nyumbani akavua mtandio akakaa kitandani akaniambia, "Mwanangu, uzee wangu huu nimekuwa mwizi wa chakula." Nililia mimi.

Dozi ya vidonda vya tumbo kashamaliza mara mbili, ya kwanza alipata nafuu kidogo ya pili hakuna kitu. Jirani anasema kalishwa. Uzito umetoka kilo 68 umefika 57. Anaungua miguu usiku kama kakanyaga pilipili na akisimama ghafla anaona kizunguzungu, sijui kama vinahusiana.

Naomba kujua, kisukari kinaweza kufanya tumbo lisisage? Na nikirudi kwa daktari nimwambie nini anielewe?


Mwana_wa_Chuda ameandika:

Pole sana dada yangu, mgonjwa ni mama yako ila sote ni mama yetu. Mimi hapo naona vidonda vya tumbo bado havijapona, bibi yangu mzaa baba alikuwa hivo hivo anatapika usiku. Jaribu majani ya mlonge yaliyokaushwa, kijiko asubuhi, alafu mtoe kwenye wali kabisa mpe dona na mboga za majani kwa wingi, matembele, mchunga, mchicha, na machungwa ya Muheza ayale na nyama zake asiteme, yanasafisha tumbo na sukari hayapandishi sana. Mungu amponye.


NesiMstaafu_Raskazone ameandika:

Mwanangu BintiMakorora, waaleikum salaam. Nimefanya kazi wodini na kwenye kliniki za kisukari miaka mingi, sasa nimestaafu. Nimesoma maelezo yako mara mbili na nakuomba kwanza umwambie mama yako kwamba nimemwamini. Mtu anayechoma insulini, anakula, halafu sukari inashuka baada ya saa moja na nusu na inapaa usiku wa manane, huyo si mwizi wa chakula. Chakula chake kinachelewa kutoka tumboni. Insulini imefika kazini kwa wakati, chakula hakijafika. Insulini inapomaliza nguvu zake ndipo chakula kinaingia kwenye utumbo, sukari inaruka. Yule aliyemsema kwenye benchi aliangalia namba ya asubuhi peke yake.

Ndiyo, kisukari kinaweza kufanya hivyo. Wanaita gastroparesisi, yaani tumbo limepooza nusu. Kuna mshipa mrefu wa fahamu unaotoka kwenye ubongo, unashuka shingoni na kifuani mpaka tumboni, unaitwa vagasi. Huo ndio unaoliambia tumbo lisage na lisukume. Sukari ikikaa juu miaka mingi inaichosha mishipa ya fahamu, na wala haichagui, ile ya miguuni inachoka ndiyo maana mama anaungua nyayo, ile inayorekebisha presha mtu anaposimama inachoka ndiyo kizunguzungu, na ya tumboni nayo inachoka. Kwa hiyo uliponiuliza kama vinahusiana, mara nyingi ni ugonjwa mmoja unaojitokeza sehemu tatu. Ndani ya ukuta wa tumbo pia kuna chembe zinazopiga mdundo wa kusaga, kama mara 3 kwa dakika kwa mtu mzima wa afya, na hizo nazo hupungua kwa wenye kisukari cha siku nyingi. Kinu kipo, mchi upo, mkono unaotwanga ndio umelegea.

Kwa kawaida huanza kuonekana baada ya miaka 10 na zaidi ya kisukari, na wanawake huwapata zaidi kuliko wanaume. Na kuna jambo watu wengi hawalijui, sukari ikiwa juu sana siku hiyo, hiyo yenyewe inalipunguzia tumbo mwendo hata kama mshipa haujaharibika sana. Kwa hiyo tumbo linaharibu sukari na sukari inaharibu tumbo, zinasukumana.

Sasa kwa daktari. Usiende kusema mama ana gesi, ukisema gesi utapewa dawa ya gesi. Sema hivi, anatapika chakula kisichosagika saa nane mpaka kumi baada ya kula, anashiba kwa vijiko vichache, amepungua kilo 11, na sukari inashuka mara tu baada ya kula na kupanda usiku. Halafu mpe lile daftari. Daftari la mama yako ni ushahidi mkubwa, siku saba tu zenye saa ya kuchoma, saa ya kula, sukari kabla ya kula, baada ya saa 2 na saa 9 usiku, daktari yeyote makini akiona ule mchoro ataelewa.

Lakini usimwambie tayari ni gastroparesisi, mwache athibitishe. Lazima kwanza wahakikishe hakuna kitu kilichoziba njia, kidonda kilichokaza mlango wa tumbo au uvimbe, maana navyo vinatapisha chakula cha zamani na vinakondesha. Hilo linaangaliwa kwa mpira wenye kamera unaopitishwa mdomoni. Kupungua kilo 11 kwa mtu wa miaka 61 si jambo la kusubiri, nenda wiki hii. Kipimo chenyewe cha tumbo kuchelewa ni kula chakula chenye chembe kidogo za mionzi, mara nyingi yai na mkate, kisha wanapiga picha mpaka zipite saa 4. Ikiwa zaidi ya asilimia 10 ya chakula bado kiko tumboni baada ya saa 4, limechelewa. Si kila hospitali ina mashine hiyo.

Usisubiri kliniki, mkimbize, ukiona anatapika hata maji hayakai, au matapishi yana damu au rangi ya kahawa, au anapumua kwa nguvu na kwa kina huku sukari iko juu, au amelegea hakutambui. Na tafadhali asiache insulini kabisa kwa sababu anatapika, watu wengi wanakosea hapo, mwili ukikosa insulini kabisa unatengeneza sumu. Piga simu au nenda uulize apunguze kiasi gani.

Mwana wa Chuda, najua una nia njema, lakini machungwa na nyama zake na mchunga kwa huyu mama visubiri kwanza. Ntakuja kueleza, au aje mwenye uzoefu aeleze.


Mpangani_tangu_utoto ameandika:

Shikamoo mama nesi. Dada Binti pole sana, mimi ndo mwenye huo uzoefu, kisukari cha aina ya kwanza, nilianza kuchoma nikiwa na miaka 14 saivi nina 33, kwetu Pangani ila nafanya kazi hapa mjini. Hili tumbo lilinianza nikiwa na 29 na mimi pia nilitibiwa vidonda vya tumbo, amiba, typhoid, nikapelekwa mpaka kwa mtaalamu nikachanjwa chale. Kilichonifungua ni siku nilipopimwa kwa kamera. Nililala na njaa tangu saa 1 usiku, kesho yake saa 4 asubuhi wanapitisha mpira wanakuta maharage bado yamekaa humo. Daktari akaniuliza umekula asubuhi? Nikamwambia wallahi sijala. Akaangalia mlango wa tumbo uko wazi, hakuna kidonda hakuna uvimbe, ndo akaniambia tumbo lako halisukumi. Kile kipimo cha mionzi sijawahi kufanya mpaka leo.

Sasa kuhusu chakula nisikilize vizuri maana hapa ndo penye mtihani, kila kitu ulichofundishwa kwenye kisukari hapa kinageuka. Tumeambiwa miaka yote dona, makande, mboga za majani, matunda na nyama zake, na ni kweli kwa tumbo linalosaga. Tumbo letu hili nyuzi nyuzi halizivunji, zinakaa zinajisokota zinakuwa donge, mimi mwenyewe daktari alinikataza machungwa na ile ngozi yake nyeupe, mahindi ya kuchoma, mchunga, maganda ya maharage, mihogo yenye mizizi. Na mafuta nayo yanachelewesha tumbo, kwa hiyo ile Tanga yetu ya kila kitu kwa nazi, tui la kwanza zito, samaki wa nazi, maharage ya nazi, mihogo ya nazi, nililia nilipoambiwa niache. Saivi natumia tui la tatu tena kidogo, la harufu tu.

Ninachokula ni kilaini na kidogo, mara sita kwa siku badala ya mara tatu, sahani ya kitoto ile ya chai. Viazi mviringo naviponda na maziwa yaliyotolewa mafuta, uji wa mchele, ndizi mbivu, papai naliponda na uma, mtindi, yai, mkate mweupe, changu au tasi wa kuchemsha natoa minofu naichambua kabisa mpaka iwe kama unga, ngozi simo. Pweza na nyama ya ng'ombe ngumu nimeaga, nyama nikiila ni ya kusaga. Siku tumbo likigoma kabisa nakaa na vya kunywa tu, supu ya samaki iliyochujwa, uji mwepesi, maana maji maji yanapita hata tumbo likiwa limelala, kigumu ndo kinakwama. Na kutafuna, dada, mwambie mama atafune mpaka aone aibu. Meno yake yanafanya kazi ya tumbo.

Najua utaniambia wali mweupe na viazi vinapandisha sukari. Vinapandisha, ndo maana kidogo kidogo na kupima. Ukipata mtaalamu wa lishe hospitali muombe awapangie, msijipangie wenyewe kwa muda mrefu mtu akakosa damu.

Akishakula asilale. Mimi nakaa saa moja na nusu hivi wima au natembea taratibu mpaka dukani narudi. Chakula kikubwa nakula mchana, usiku kidogo sana tena mapema.

Insulini yangu daktari alinibadilishia, ile ya chakula nachoma baada ya kula nikiona kimekaa hakijarudi, siyo kabla. Mama yako anatumia ya mchanganyiko kwa hiyo usiguse kitu mpaka daktari aseme, ila muulize hilo swali kwa mdomo wako, je muda wa kuchoma ubaki nusu saa kabla ya kula? Muulize na kama kuna haja ya kuzitenganisha, ya kukaa muda mrefu na ya chakula. Mi hilo swali ndo lilinitoa kwenye kushukiwa na sukari kila jioni. Na ikishuka usimpe andazi wala mkate, havitafika, mpe glukosi au maji ya sukari au soda ya kawaida siyo ya dayati, alafu pima baada ya dakika 15, rudia ikiwa bado chini ya 4. Akiwa hajitambui usimmiminie kitu mdomoni, geuza ubavu na hospitali.


Mwana_wa_Chuda ameandika:

Kaka wa Pangani na mama nesi nimewaelewa, nashukuru. Dada naomba ule ushauri wangu wa machungwa na mchunga usiufuate. Sikujua kuna tumbo linalokataa mboga.


Dawa_na_Dozi ameandika:

Habari zenu, mimi mfamasia, niko Ngamiani. Niongezee upande wa dawa maana naona watu wanaponunua kiholela na wengine wanaumia.

Plasil, ambayo wengi mnaijua kama dawa ya kutapika, jina lake halisi metoklopramidi, ndiyo inayotumika sana kwa tumbo hili, inalisukuma tumbo na inatuliza kichefuchefu, inanywewa kama nusu saa kabla ya kula. Lakini siyo dawa ya kukaa nayo mwaka. Mamlaka ya dawa ya Marekani iliiwekea onyo zito mwaka 2009 kwamba ikitumika muda mrefu, zaidi ya wiki 12, inaweza kumwachia mtu midomo na ulimi vinachezacheza vyenyewe, taya linatafuna bila kitu, na kwa wengine hali hiyo haiondoki hata dawa ikiachwa. Wazee, wanawake na wenye kisukari ndio walio kwenye hatari zaidi. Nimewahi kumuona mama mmoja dirishani kwangu anakuja kununua tena na tena kwa cheti kilichochakaa, nikaangalia midomo yake, nikakataa kumuuzia nikampandisha bajaji arudi kwa daktari. Shingo ikipinda au macho yakigeuka juu baada ya kuinywa, hata dozi ya kwanza, ni hospitali siku hiyo hiyo.

Domperidoni haichezeshi midomo kama hiyo ila inaweza kuvuruga mapigo ya moyo, na haitakiwi kunywewa pamoja na klarithromaisini, ambayo imo kwenye dozi nyingi za vidonda vya tumbo. Wewe Binti umesema mama kashamaliza dozi mbili, kwa hiyo akipewa domperidoni siku moja taja kila anachokunywa. Erithromaisini nayo inasukuma tumbo lakini baada ya wiki chache mwili unaizoea inaacha kusaidia, nayo na domperidoni haziwekwi pamoja.

Jambo la pili ambalo ndilo lililonifanya niandike. Kuna dawa zinazolala juu ya tumbo zikalipunguzia mwendo zaidi. Buscopan ambayo kila mwenye tumbo anainunua. Tramadoli, ile ya maumivu. Amitriptilini, ile wanayopewa wenye kuungua miguu wanywe usiku. Zile sindano mpya za kisukari na kupunguza uzito zenye semaglutaidi, hizo kupunguza mwendo wa tumbo ni sehemu ya kazi yake. Binti, mama anakunywa nini cha miguu?


BintiMakorora ameandika:

Jamani nimekaa nimesoma na mama pembeni, nilimsomea kwa sauti. Ulipofika pale mama nesi uliposema umemwamini akaniambia rudia hapo. Nimerudia mara tatu.

Kaka mfamasia, nimekwenda kufungua mkoba wake wa dawa, mikono imeniisha nguvu. Amitriptilini kila usiku mwaka na nusu sasa, ya miguu. Na Buscopan mimi mwenyewe ndo nilikuwa namnunulia dukani kila akisema tumbo linamvuta. Mi mwenyewe!

Maswali yangu mawili. Hiyo ya miguu nimuachishe leo? Na mfungo unakaribia, mama hajawahi kuacha kufunga tangu binti, mwaka jana alifunga yote 30 na ndo matatizo yalipoanza kuonekana, futari ilikuwa mihogo ya nazi, tambi, kaimati, anakula vyote kwa mkupuo mmoja baada ya adhana. Nikimwambia asifunge ananiangalia tu.


Dawa_na_Dozi ameandika:

Usimuachishe ghafla dada, dawa hiyo ikikatwa kwa mara moja mtu anakosa usingizi na anasikia vibaya. Beba vidonge vyote kama vilivyo, na maboksi yake, weka kwenye mfuko mmoja, mkamwagie daktari mezani. Ataipunguza polepole au atabadilisha. Buscopan ndo acha kumnunulia. Na usijilaumu, kwenye boksi haijaandikwa kwa Kiswahili na muuzaji hakukuuliza kama mgonjwa ana kisukari.


NesiMstaafu_Raskazone ameandika:

Mwanangu, kuhusu mfungo nakwambia kama mtu ninayefunga pia. Mama anayechoma insulini mara mbili, sukari inashuka mpaka 2.8 na bado anatapika, huyo ni mgonjwa mwenye ruhusa, na ruhusa hiyo haikutolewa na daktari, imo kwenye dini yenyewe. Mpeleke kwa daktari kabla ya mwezi kuandama, siyo baada, na amuulize na sheikh anayemwamini kuhusu fidia. Maneno ya mtoto kwenye jambo hili mama huwa hayasikii, ya sheikh atayasikia. Ile futari ya mwaka jana ilikutana na tumbo lililochoka, nazi na kukaanga na kwa wingi kwa wakati mmoja, basi likasimama kabisa.

Na hilo la kliniki. Usiliache hivi hivi. Si kwa ugomvi. Omba kumuona muuguzi kiongozi wa pale, mweleze kwa adabu yaliyosemwa mbele ya watu. Mgonjwa akidhalilishwa anaanza kuandika uongo kwenye daftari ili asisemwe, na hapo ndipo tunapowapoteza. Nimeshawaona.


BintiMakorora ameandika:

Wiki nne zimepita nimerudi kuwapa habari, samahani kwa kuchelewa.

Tulikwenda ile wiki ile. Daktari tuliyempata safari hii ni kijana, alichukua daftari la mama akalifungua ukurasa kwa ukurasa, dakika nyingi hasemi kitu, kisha akamwambia, "Mama, hili daftari umeliandika vizuri kuliko faili langu." Mama akacheka, sijamuona akicheka hospitali miaka mingi. Wakampima kwa kamera, hakula tangu saa 2 usiku, kesho yake saa 3 asubuhi chakula kilikuwa bado kimo, wali na vipande vya karoti. Mlango wa tumbo uko wazi, hakuna uvimbe alhamdulillah, kidonda hakuna. Kipimo cha mionzi amesema hapa hatutakipata, ila kwa miaka ya kisukari, daftari na ile kamera anatibu kama gastroparesisi na ataendelea kumfuatilia.

Insulini imebadilishwa, sasa ni mbili, moja ya usiku na moja ya chakula ambayo anachoma akishamaliza kula, na kiasi kimepungua. Amitriptilini inashushwa kidogo kidogo. Plasil kapewa ya wiki nne tu, tarehe ya kuacha daktari kaandika kwa kalamu nyekundu kwenye jalada la daftari. Sukari ya baada ya kula iliyoshuka chini ya 4 ni mara moja tu tangu tubadilishe, ya usiku bado inafika 12, 13, kasema twende taratibu. Kutapika bado kupo ila siyo kama zamani, mara mbili kwa wiki nne. Kilo 58 na nusu.

Mfungo amekubali kuuacha. Sheikh wa msikiti wetu alikuja mwenyewe nyumbani baada ya laasiri, wakazungumza, mi nilikuwa jikoni sikusikia. Alipoondoka mama akaniambia nitoe hesabu ya fidia ya siku 30.

Muuguzi kiongozi nimemuona, alinisikiliza, alimuomba mama radhi yeye mwenyewe. Yule mwingine hatujakutana nae tena.

Mama nesi, kaka mfamasia, na wewe kaka wa Chuda pia, Mungu awazidishie. Kaka wa Pangani swali la mwisho naomba unijibu leo ukipata nafasi, uji wako wa mchele unauchuja na chujio la nazi au la chai? Mama anasema la nazi linaacha chenga, na la chai mimi linanichukua saa nzima.


Mpangani_tangu_utoto ameandika:

La nazi dada, ila mchele uloweke usiku kucha kwanza alafu usage kabla hujapika, siyo upike ndo uchuje. Hautaona chenga hata moja. Msalimie mama.